Mtoto Anayeduwaa: Usikimbilie Bakora

Je, umewahi kumuona mtoto akinyamaza ghafla katikati ya neno, macho yakakodoa mahali pamoja, kope zikachezacheza, kisha baada ya sekunde chache akaendelea kana kwamba hakuna kilichotokea? Madrasa anaruka aya, mwalimu anadhani hakuhifadhi, bakora inafuata. Nyumbani wengine wanasema ana jini.

Huenda mtoto huyo ana kifafa. Wengi tunakijua kifafa cha kuanguka na kutoka povu, lakini kipo kisichomwangusha mtu. Umeme wa ubongo huvurugika na fahamu hukatika kwa sekunde 5 hadi 20 hivi. Huanza zaidi kati ya miaka 4 na 10, na huweza kumjia mtoto mara nyingi kwa siku moja.

Utakitofautishaje na uzembe? Mtoto aliyezama kwenye mawazo, ukimgusa huzinduka. Mwenye kifafa hiki hazinduki mpaka kimwachie chenyewe.

Ukiona dalili hizo, zingatia haya:

1. Andika humtokea mara ngapi na kwa muda gani. Ukiweza, mrekodi kwa simu.

2. Mpeleke hospitali. Huenda akaambiwa apumue kwa kasi kwa dakika 2 au 3, kwani hilo huichochea hali hiyo mbele ya daktari. Kipo pia kipimo cha umeme wa ubongo.

3. Usimpe dawa za kifafa za mtu mwingine. Kabamazepini na fenitoini husaidia aina nyingine za kifafa, lakini hii huweza kuizidisha.

4. Asiogelee wala kuchota maji kisimani peke yake, na asiachwe karibu na moto.

5. Akianzishiwa dawa, usizikatishe bila ushauri wa daktari.

Kifafa hakiambukizi. Watoto wengi wa aina hii hutulia kwa dawa, na wengi huachana nacho wakikaribia ukubwa.

Katika Bukhari na Muslim imepokewa habari ya mwanamke mwenye kifafa aliyemwendea Mtume (s.a.w.) amuombee. Alipewa hiari: asubiri apate Pepo, au aombewe apone. Akachagua subira, akaomba tu mwili wake usifunuke anapoanguka. Maradhi yake hayakuwa aibu. Na Mtume (s.a.w.) huyo huyo ametuamrisha kutafuta tiba. Basi msomee mwanao Qur'an, na dawa umpe kwa wakati wake.

Wabillahi tawfiq.