Uharamia wa Filamu Humwumiza Jirani

Hapa Chechelesi, mjini Isiolo, filamu haihitaji ukumbi. Hunaswa kwenye intaneti, ikatiwa katika simu moja, kisha ikahamia simu ya pili na ya kumi. Wanafunzi ninaowauliza hunijibu kwamba Hollywood ni tajiri; haitalala njaa kwa sababu yao.

Hoja hiyo ina kasoro. Studio za Marekani huvuna katika majumba ya sinema ya dunia nzima. Mtengenezaji wa Riverwood, pale River Road jijini Nairobi, alitegemea kuuza diski moja moja. Nakala za wizi zilipouzwa kwa bei ya chini, na baadaye intaneti ilipozigawa bure, alibaki mikono mitupu. Tanzania iliamua mwaka 2013 kwamba diski za filamu na muziki zibandikwe stempu za kodi. Lakini stempu haibandikwi kwenye faili ipitayo hewani.

Kenya inayo Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 2001. Hata hivyo, askari hawezi kukaa ndani ya kila simu. Walimu wenzangu, tuanze na sisi. Anayeonyesha darasani filamu ya kitabu teule iliyonakiliwa kwa wizi hufundisha somo lisilo katika silabasi.

Mchuma janga hula na wa kwao. Tukiwafilisi wasanii walio karibu nasi, nani atakayezitengenezea filamu hadithi za Waborana, Waturkana, Wasomali na Wameru wa mji huu? Bila shaka si Hollywood.