Ukialikwa arusini Garissa, vaa unachovikwa

TUSEME, msomaji mpendwa, una rafiki mliyesoma pamoja ambaye kwao ni Garissa. Siku moja anakuletea kadi. Dada yake anaolewa, nawe umealikwa. Ukiwaonyesha kadi hiyo watu wa nyumbani kwako, hawatakuuliza utapeleka zawadi gani. Watakuuliza: "Garissa? Unakwenda kutafuta nini huko?"

Swali hilo lina chanzo chake. Tangu 1963 hadi 1991 mkoa wa Kaskazini Mashariki ulitawaliwa kwa sheria za hali ya hatari. Novemba 1980 mtaa wa Bulla Kartasi ulichomwa katika msako wa askari, na wakazi wakazuiliwa katika uwanja wa shule ya msingi. Tena Aprili 2, 2015, magaidi waliwaua watu 148 katika Chuo Kikuu cha Garissa. Si ajabu basi kwamba wengi wetu tulio mbali na huko tunaijua Garissa kwa habari za matanga tu. Ni wachache wanaozijua arusi zake.

Usipuuze wasiwasi wa watu wako. Mpigie mwenyeji wako simu umuulize hali ya usalama ilivyo wiki hiyo, na usikatize kuelekea mpakani bila ya kushauriwa. Akikwambia njoo, nenda.

Kutoka Nairobi hadi Garissa ni kama kilomita 370, kupitia Thika na Mwingi. Mara tu baada ya kuvuka daraja la Mto Tana unaingia mjini, nalo joto linakulaki. Hapo ndipo utakapoona kwamba suti uliyoibeba kwa fahari ni mzigo, na utaanza kuyatazama mavazi ya wenyeji kwa jicho jingine.

Wanaume wengi utawaona wamejifunga macawis, ambayo Mswahili wa Pwani ataitambua mara moja kuwa ni jamaa ya kikoi. (Herufi c katika maandishi ya Kisomali hutamkwa kama ayn ya Kiarabu.) Kichwani mzee ana koofiyad na mkononi ana bakoorad. Huhitaji mkalimani kujua kwamba hizo ni kofia na bakora. Nguo hizi hupitisha upepo, na mtu aliyezaliwa katika jua hilo anajua thamani yake.

Mavazi ya akina mama yana mengi zaidi. Vazi la zamani ni guntiino, kitambaa kirefu kisichoshonwa, ambacho hufungwa fundo begani kisha kikazungushwa kiunoni. Vazi la sherehe siku hizi ni dirac, gauni pana la kitambaa chepesi kinachopenya mwanga, na ndiyo sababu ndani yake huvaliwa gorgorad, yaani sketi ya ndani yenye urembo. Juu ya mabega hutupwa garbasaar, mtandio mpana unaolingana rangi na gauni. Kisha kuna shaash, kitambaa cha kichwani ambacho kwa mila ni alama ya mwanamke aliyeolewa.

Hapo kwenye shaash uangalie sana, dada msomaji. Kama hujaolewa na ukajifunga kitambaa hicho kwa sababu rangi yake imekupendeza, akina mama watacheka na maswali yataanza: mume wako yuko wapi? Nguo za watu ni kama lugha yao, na anayezivaa bila ya kuuliza husema asiyoyakusudia. Wajapani nao wana somo hilo hilo. Kimono hukunjwa upande wa kushoto ukawa juu ya wa kulia. Ukigeuza, umevaa kama maiti anayepelekwa kuzikwa.

Lakini kuna tofauti. Katika mji wa Kyoto huko Japani, mtalii huingia dukani akakodi kimono kwa siku moja, akapiga picha na kuirudisha jioni. Arusini Garissa vazi litakufikia kwa njia nyingine. Litatoka sandukuni mwa mama wa nyumba, au litakuwa la shemeji mwenye kimo kama chako. Ukivikwa, jua kwamba umepokewa.

Ukarimu huu ni wa kale. Mwaka 1331 msafiri mashuhuri kutoka Morocco, Ibn Battuta, alifika Mogadishu. Ameandika kwamba Ijumaa ya kwanza tangu kufika kwake, wenyeji walimletea mavazi kamili ndipo wakamchukua kwenda msikitini: kitambaa cha hariri cha kujifunga kiunoni badala ya suruali, vazi la juu la kitani kutoka Misri, joho na kilemba. Aliandika pia kuhusu chakula alichopewa: wali uliopikwa kwa samli, na ndizi mbichi zilizopikwa katika maziwa. Miaka karibu 700 imepita, na hata leo ukikaribishwa pilau Garissa usishangae kuona ndizi kando ya sahani. Haikuletwa kwa bahati mbaya. Imenye uile pamoja na wali.

Haya, jua limetua. Akina mama wamejipaka hina na chetezo kinazungushwa, moshi wa uunsi unaingia katika nguo na nywele. Kama wewe ni mwanamke, utaongozwa hadi upande wa wanawake. Kama wewe ni mwanamume, utabaki na wanaume wenzako kwenye chai ya maziwa na mazungumzo marefu kuhusu ngamia, siasa na bei za mifugo katika soko la Garissa, ambalo ni miongoni mwa masoko makubwa ya mifugo Afrika Mashariki. Usilalamike kwamba umenyimwa tamasha. Wewe ni mgeni wa familia.

Upande wa wanawake kuna buraanbur. Huu ni ushairi wa wanawake wenyewe. Mmoja hughani akimsifu bi arusi, mama yake na ukoo wake, huku wengine wakipiga ngoma na makofi. Kisha mama mmoja huingia katikati, akaikunjua garbasaar kwa mikono miwili kama mbawa, akazunguka kwa hatua nyepesi. Hapo ndipo utajua kwa nini dirac hushonwa pana vile. Vazi lile lilifanywa lizunguke.

Ngoma ya wanaume na wanawake kwa pamoja ni dhaanto, ipendwayo sana Garissa. Mara nyingi utaiona kule vijijini au katika siku za utamaduni. Wachezaji hujipanga safu, mmoja akianzisha wimbo na wengine wakiitikia. Mabega yanainuka na kushuka, miguu inapiga chini kwa pamoja, na wengi husema kwamba hatua zake zimeigwa kutoka kwa mwendo wa ngamia. Ukiitazama kwa muda utakubali. Haina papara. Hata mwenye miguu mizito anaweza kuijaribu, mradi asikilize makofi na asitake kuwatangulia wenyeji.

Ukiitwa, ingia. Utakosea, na watoto watacheka, lakini kicheko hicho ni cha kukukaribisha. Usipoitwa, piga makofi ulipokaa.

Yapo pia ya kujihadhari. Kwanza, zipo familia na masheikh wasiopenda muziki na mchanganyiko wa wanaume na wanawake. Katika arusi kama hiyo utasikia dua na kasida tu, na hapana budi uheshimu. Pili, usitoe kamera kabla ya kuomba ruhusa, hasa upande wa wanawake, kwani mama aliyevua mtandio mbele ya wenzake hakuuvua mbele ya simu yako. Huko Kyoto, wakazi wa mtaa wa Gion walichoshwa na wageni waliowakimbiza wanawake waliovaa kimono ili wawapige picha, hata mwaka 2024 wakapiga marufuku watalii katika vichochoro vyao vya binafsi. Tatu, usimwite mtu "warya" kwa kudhani ndilo jina lake. Mzee mwite adeer, yaani ami, na mama mwite eeddo, yaani shangazi.

Kuna jambo moja ambalo wazee wenyewe hulitaja. Tangu miaka ya 1980 na 1990 jilbabu na buibui zimeenea barabarani, na guntiino imebaki kuwa nguo ya arusi na ya siku za utamaduni. Bwana arusi naye siku hizi huvaa suti, na bi arusi huonekana katika gauni jeupe. Baadhi ya wasichana hawajui tena kulifunga fundo la begani mpaka nyanya awafunge. Ndiyo maana mgeni anapouliza kwa heshima, "Eeddo, hii hufungwaje?" utaona uso wa bibi unakunjuka. Atakufunga wewe, na mjukuu wake aliyesimama kando atajifunza.

Asubuhi utaifua nguo uliyoazimwa, uikunje na kuirudisha. Huenda ukaambiwa uende nayo. Ukiambiwa hivyo usibishane, pokea kwa mikono miwili, na ukirudi siku nyingine usije mikono mitupu.

Ukifika nyumbani watakuuliza tena ulikwenda kutafuta nini. Fungua mkoba uwaonyeshe macawis au garbasaar yako ikinukia uunsi. Kisha panga nao ni lini rafiki yako wa Garissa atakuja kwenu, na ni nguo gani mtakayomvika. Wahenga walisema: Mgeni njoo, mwenyeji apone.