KUTA ZA PARIS: MJI NI WA NANI?

Historia ya miji mikuu mara nyingi huandikwa kana kwamba ni historia ya wafalme na makasri yao. Tunaambiwa mfalme fulani alijenga kasri hili, na mtawala fulani akapasua barabara ile. Hatuambiwi ni nani waliochonga mawe, ni nani waliobeba udongo, wala ni nani waliohamishwa ili barabara ipite. Katika makala haya tunakusudia kuichambua historia ya Paris, mji mkuu wa Ufaransa, kwa njia nyingine. Tutazifuata kuta zake.

Tumechagua kuta kwa sababu maalumu. Mtawala anaweza kusema lolote katika hotuba, lakini ukuta hausemi uongo. Kila anayejenga ukuta hutangaza mambo matatu: anachokilinda, anayemwogopa, na anayelipa gharama. Paris imezungushiwa kuta mara nyingi, na kila mara majibu ya maswali hayo matatu yamebadilika. Mabadiliko hayo ndiyo historia yenyewe ya mji.

KUTA ZA KUMZUIA ADUI

Mahali ilipo Paris leo palikaliwa na kabila lililoitwa Parisii, na jina la mji limetokana nalo. Warumi waliishinda nchi hiyo mwaka 52 K.K., wakajenga mji walioupa jina la Lutetia kwenye ukingo wa kusini wa Mto Seine. Dola ya Kirumi ilipoanza kudhoofika na mashambulizi kutoka mashariki kuzidi, wakazi walikusanyika katika Kisiwa cha Cité, katikati ya mto, wakakizungushia ukuta. Mawe ya ukuta huo yaliporwa kutoka majengo ya fahari ya Warumi wenyewe. Huo ndio uliokuwa ukuta wa kwanza wa mawe: ukuta wa watu wenye hofu, waliobomoa fahari ya jana ili waokoe maisha ya leo.

Ukuta wa pili mkubwa ulijengwa na Mfalme Philippe Auguste kuanzia mwaka 1190, alipokuwa akijiandaa kwenda katika Vita vya Msalaba. Upande wa magharibi, ambako Waingereza waliotawala Normandy wangeweza kutokea, aliongeza ngome ya Louvre. Ndani ya ukuta huo ukabaila ulistawi pamoja na biashara. Kanisa la Notre-Dame, lililoanza kujengwa mwaka 1163, liliendelea kuinuka. Chuo kikuu kikakua ukingo wa kusini. Na wafanyabiashara wa mtoni wakapata nguvu upande wa kaskazini.

Nguvu hiyo ya wafanyabiashara ilijitokeza mwaka 1356, mfalme alipotekwa na Waingereza vitani Poitiers. Kiongozi wa wafanyabiashara, Étienne Marcel, aliusimamia mji na kuanza ujenzi wa ukuta mpya, akidai pia kwamba kodi zisitozwe bila ridhaa ya mabaraza. Mwaka 1358 aliuawa penye lango la Saint-Antoine, katika ugomvi wa nani ashike funguo za malango ya mji. Ukuta alioanzisha uliendelezwa na Mfalme Charles V. Na penye lango lile lile, mwaka 1370, ukawekwa msingi wa ngome iliyoitwa Bastille. Hapa yafaa tutue kidogo tutafakari. Ngome ilijengwa ili kumzuia adui wa nje, lakini baadaye iligeuzwa kuwa gereza la raia wa ndani.

Mfalme Louis XIV aliijua hatari hiyo ya ndani tangu utotoni, kwani mwaka 1649 alitoroshwa usiku kutoka Paris kwa sababu ya maasi. Alipokuwa mkubwa aliamuru kuta kuukuu zibomolewe, kuanzia mwaka 1670, na mahali pake pakapandwa miti kandokando ya njia pana. Mwaka 1682 yeye na baraza lake wakahamia rasmi Versailles. Maadui wa nje aliona anaweza kuwamudu mipakani. Raia wa mji wake mwenyewe aliona heri awakwepe.

UKUTA WA USHURU

Karibu miaka 100 baadaye Paris ilizungushiwa ukuta wa aina mpya kabisa. Haukuwa na mizinga wala haukumzuia mwanajeshi yeyote. Ulijengwa kuanzia mwaka 1784 kwa ajili ya ushuru.

Ili tuelewe jambo hili, hatuna budi kueleza jinsi kodi zilivyokusanywa. Mfalme hakukusanya kodi nyingi yeye mwenyewe. Alikodisha haki hiyo kwa kundi la matajiri lililoitwa Ferme générale. Matajiri hao walimlipa mfalme kiasi kilichokubaliwa, kisha wakajirudishia fedha yao, pamoja na faida, kutoka kwa wananchi. Mvinyo, nyama, kuni na bidhaa nyingine zilizoingia mjini zilitozwa ushuru. Kwa kuwa watu walipitisha bidhaa kwa magendo, matajiri hao waliomba ukuta, nao wakaupata: kilomita 24 hivi, wenye urefu wa zaidi ya mita tatu kwenda juu, na malango zaidi ya 50 yaliyojengwa kwa nguzo za fahari kama mahekalu. Aliyebuni majengo hayo ni Claude-Nicolas Ledoux. Mmoja wa waliousukuma mpango huo alikuwa mwanasayansi mashuhuri Antoine Lavoisier, ambaye pia alikuwa mwanahisa wa Ferme générale.

Ukuta huo uliwafungia watu pamoja na njaa yao. Tajiri hakuuhisi sana, kwa kuwa chakula kilikuwa sehemu ndogo ya matumizi yake. Mfanyakazi aliuhisi kila siku mezani. Ndiyo maana vilabu vya mvinyo viliota nje ya ukuta, na siku za mapumziko wafanyakazi walitoka mjini kwenda kunywa kwa bei nafuu.

Watu wengi wanajua kwamba Mapinduzi ya Ufaransa yalilipuka Bastille ilipotekwa tarehe 14 Julai 1789. Wachache wanajua kwamba siku mbili kabla yake umati ulikwisha kuyashambulia malango ya ushuru na kuyachoma moto. Bastille ilikuwa alama ya udhalimu. Malango yalikuwa udhalimu wenyewe, ule wa kila siku. Oktoba mwaka huo wanawake wa masokoni walitembea hadi Versailles kudai mkate, wakarudi Paris na mfalme.

Ushuru huo ulifutwa mwaka 1791. Lakini hapa kuna funzo chungu. Mwaka 1798 ulirudishwa, na ukadumu kwa namna moja au nyingine hadi mwaka 1943. Mabwanyenye waliochukua utawala kutoka kwa makabaila waligundua kwamba ukuta wa ushuru una faida hata kwao. Lavoisier alikatwa kichwa mwaka 1794, lakini ukuta wake ulibaki.

UKUTA WA THIERS NA BARABARA ZA HAUSSMANN

Mwaka 1840 Waziri Mkuu Adolphe Thiers aliamua Paris izungushiwe ukuta wa kijeshi. Ujenzi ulianza mwaka 1841 na kukamilika mwaka 1844. Ulikuwa na kilomita 33 hivi, ukiwa umezungukwa na maboma 16 mbali kidogo. Sababu iliyotolewa ni kuulinda mji dhidi ya mataifa ya Ulaya. Wapinzani wa siku zile waliuliza swali la haki: mizinga ya maboma hayo itaelekezwa nje, au itaelekezwa kwetu?

Swali hilo lilikuwa na msingi. Mwaka 1830 wananchi walimwangusha mfalme kwa siku tatu, wakizuia njia nyembamba kwa mawe, mapipa na mikokoteni. Februari 1848 wakamwangusha mwingine. Juni mwaka huo huo wafanyakazi waliasi baada ya serikali mpya kuamua kuzivunja karakana zilizowapa kazi, na maelfu wakauawa. Njia nyembamba za Paris zilikuwa silaha ya wanyonge.

Kwa hiyo Napoléon III alipomteua Georges-Eugène Haussmann mwaka 1853 kuusimamia mji, kazi yake ilikuwa na sura mbili. Tusiwe vipofu kwa sura ya kwanza. Mji ulikuwa mchafu na wenye magonjwa. Kipindupindu cha mwaka 1832 kiliua zaidi ya watu 18,000. Haussmann na mhandisi Belgrand walijenga mifereji ya chini ya ardhi, wakaleta maji safi kutoka mbali, na bustani zikafunguliwa. Hayo ni maendeleo ya kweli.

Sura ya pili ni swali la nani alifaidi. Maelfu ya nyumba zilibomolewa ili barabara pana zipite, na jeshi likaweza kusafiri haraka kutoka kambi hadi mitaa ya wafanyakazi. Kodi za nyumba mpya zilipanda. Waashi waliotoka mkoa wa Creuse kwa miguu au kwa gari moshi walijenga majumba ambayo wao wenyewe wasingeweza kupanga hata chumba kimoja. Wafanyakazi wakasukumwa mashariki, Belleville na kwingineko. Mwaka 1860 mipaka ya mji ilipanuliwa hadi ukuta wa Thiers. Waliokimbilia nje kutafuta maisha nafuu wakajikuta tena ndani ya malango ya ushuru.

SIKU 72

Tarehe 18 Machi 1871, baada ya Ufaransa kushindwa vitani na Wajerumani, serikali ya Thiers ilijaribu kuichukua mizinga ya Mgambo wa Taifa iliyokuwa Montmartre. Wananchi, wanawake wakiwa mstari wa mbele, waliwazunguka askari, na askari wakakataa kufyatua risasi. Serikali ikakimbilia Versailles. Paris ikachagua baraza lake, Komuni ya Paris.

Kwa muda wa siku 72 waliosukumwa pembezoni walirudi katikati ya mji. Komuni ilisamehe malimbikizo ya kodi za nyumba, ilipiga marufuku kazi ya usiku katika maduka ya mikate, ilitenganisha Kanisa na dola, na ikaamua karakana zilizotelekezwa na wenye mali zikabidhiwe vyama vya ushirika vya wafanyakazi. Lakini ilifanya makosa pia. Ilichelewa kuifuata serikali Versailles, na haikuigusa Benki ya Ufaransa.

Tarehe 21 Mei jeshi la Versailles lilipenya kwenye sehemu ya ukuta isiyokuwa na walinzi. Hivyo Thiers aliyeujenga ukuta ndiye aliyetuma jeshi kuuvunja, na swali la mwaka 1840 likapata jibu. Katika wiki moja waliuawa watu wasiopungua maelfu kadhaa; wanahistoria wengi wanataja 10,000 au zaidi. Wa mwisho walipigwa risasi kwenye ukuta wa makaburi ya Père-Lachaise, ambao hadi leo wafanyakazi huutembelea kila mwaka. Na dola haikuusamehe mji: kuanzia mwaka 1871 hadi mwaka 1977 Paris haikuruhusiwa kuwa na meya wake.

UKUTA WABOMOLEWA, MPAKA WABAKI

Ukuta wa Thiers ulibomolewa kati ya mwaka 1919 na 1929. Kando yake, mahali palipokatazwa kujengwa kwa sababu za kijeshi, maelfu ya maskini walikuwa wamejenga vibanda. Sehemu ya ardhi hiyo ilijengwa nyumba za bei nafuu. Lakini sehemu kubwa ya mzunguko huo ilipitishwa barabara ya magari, Boulevard périphérique, iliyokamilika mwaka 1973. Ina kilomita 35. Mtu akiweka ramani ya barabara hiyo juu ya ramani ya ukuta wa Thiers, ataona mstari ni karibu ule ule.

Nje ya mstari huo waliishi wengi waliokuja kutoka makoloni. Agosti 1944, kabla ya Paris kukombolewa kutoka kwa Wanazi, askari Waafrika weusi walikuwa wameondolewa katika kikosi kilichoteuliwa kuingia mjini, ili kionekane cha Wazungu. Tarehe 17 Oktoba 1961 Waalgeria kutoka vitongoji kama Nanterre waliingia katikati ya mji kwa amani, kupinga amri ya kutotoka usiku iliyowalenga wao peke yao. Polisi chini ya Maurice Papon waliwaua makumi kadhaa, na wengine wakatupwa katika Mto Seine. Ilipita miaka 51 kabla ya rais wa Ufaransa kukiri ukandamizaji huo. Na vitongoji vilipolipuka kwa hasira mwaka 2005, serikali ilitangaza hali ya hatari kwa sheria ya mwaka 1955, iliyotungwa kwa ajili ya vita vya Algeria.

Leo hakuna lango wala mtoza ushuru. Ukuta umekuwa bei. Mwaka 2019 bei ya wastani ya mita moja ya mraba ya nyumba ndani ya Paris ilivuka euro 10,000. Mwaka 1921 mji ulikuwa na wakazi milioni 2.9, sasa wamebaki milioni 2.1 hivi. Wanaofagia ofisi na kupika katika mikahawa wengi hurudi nje ya mzunguko kila jioni.

HITIMISHO

Tumeona kwamba kuta za kwanza za Paris zilimzuia adui, zilizofuata zilimkamua mlaji, na za mwisho zilimwogopa mfanyakazi. Tumeona pia kwamba kubomoa mawe si sawa na kufuta mpaka. Malango yalichomwa mwaka 1789 na ushuru ukarudi. Ukuta wa Thiers ulivunjwa na barabara ikachukua nafasi yake. Kinachodumu ni uhusiano kati ya wanaoujenga mji na wanaoumiliki, na uhusiano huo usipobadilika, kila kizazi kitaujenga ukuta wake kwa vifaa vya wakati wake.

Kwa hiyo mwanafunzi wa historia anapofunguliwa ramani ya mji wowote na kuonyeshwa barabara mpya, bustani na majengo marefu, asikatae uzuri wake. Aulize tu mwashi aliyeujenga analala wapi usiku. Jibu la swali hilo litamwonyesha ukuta ulipo, hata kama macho hayauoni.