Vitabu Vilivyolifundisha Jicho Kutoiamini Rangi

Neno madini katika Kiswahili lina tumbo kubwa, kwani humo huingia dhahabu na makaa ya mawe, chumvi na gesi, hata chuma na kalsiamu ambazo daktari humwambia mgonjwa azitafute katika mboga za majani. Kwa wataalamu wa minerolojia, yaani elimu inayochunguza madini kwa umbo lake, viambato vyake na namna yalivyojengeka, neno hilo limebanwa zaidi: madini ni kitu kigumu kilichojitokeza chenyewe katika maumbile, chenye viambato vya kikemia vinavyojulikana na atomu zilizopangwa kwa utaratibu unaojirudia. Kwa kipimo hicho gesi hutoka, makaa ya mawe hutoka pia kwa sababu ni mabaki ya mimea yasiyo na mpangilio maalumu wa atomu, na chumvi ya jikoni, ambayo hakuna anayeihesabu kuwa utajiri, hubaki ndani. Kipimo hicho kilijengwa kitabu juu ya kitabu kwa zaidi ya miaka elfu mbili, na kwa kiasi kikubwa historia ya vitabu hivyo ni habari za watu waliojifunza polepole kwamba rangi, sifa ya kwanza ambayo jicho huiona kwenye jiwe, mara nyingi ndiyo sifa isiyofaa kutegemewa.

Theophrastus, mwanafunzi wa Aristotle, aliandika risala fupi kuhusu mawe mwishoni mwa karne ya 4 kabla ya Kristo, akiuliza ni yapi huyeyuka motoni, yapi huwaka na yapi hustahimili. Karne nne baadaye Plinius wa Roma, aliyefariki mwaka 79 mlima Vesuvius ulipolipuka, alivipa vito kitabu cha 37, ambacho ndicho cha mwisho katika kazi yake kubwa ya elimu ya maumbile. Lakini Plinius alikuwa mkusanyaji kuliko mpimaji, na katika kurasa zake ukweli na uvumi huketi mkeka mmoja.

Aliyewatenganisha wawili hao kwa mkono wake mwenyewe ni Abu Rayhan al-Biruni, aliyezaliwa mwaka 973 katika nchi ya Khwarazm, ng'ambo ya kaskazini ya Uajemi, akamalizia maisha yake Ghazni, katika Afghanistan ya leo. Katika uzee wake aliandika Kitabu al-Jamahir, kinachoeleza vito na metali: vinakotoka, bei zake sokoni, majina yake kwa lugha mbalimbali, na hila za wauzaji. Katika zama zake ilijulikana, au tuseme ilisemwa kila mahali, kwamba nyoka akiliona jiwe la zumaridi macho yake hupasuka. Al-Biruni hakubishana na walioandika hivyo. Alimvisha nyoka mkufu wa zumaridi, akamtandikia zumaridi ndani ya kikapu chake, akamning'inizia vito hivyo mbele ya macho, na zoezi hilo likaendelea kwa miezi tisa, ya joto na ya baridi. Macho ya nyoka hayakupatwa na lolote, na mwandishi aliongeza kwa kejeli kwamba labda mnyama huyo aliona vizuri zaidi kuliko mwanzo.

Zito zaidi ya kisa cha nyoka ni chombo chake cha kupimia. Al-Biruni alitengeneza chombo chenye umbo la pia, chenye shingo nyembamba na mfereji ulioelekea chini, akakijaza maji mpaka usawa wa mfereji, kisha akatumbukiza humo jiwe au kipande cha metali na kuyapima kwa mizani maji yaliyomwagika. Kwa njia hiyo alipata kile kinachoitwa leo uzito linganifu, yaani jinsi kitu kilivyo kizito kikilinganishwa na ujazo uleule wa maji. Katika upande wa vito aliifanya yakuti ya buluu kuwa kigezo cha 100, na vito vingine vyote akavilinganisha nayo. Faida yake ilionekana mara moja. Jiwe jekundu liitwalo la'l, lililochimbwa Badakhshan, lilifanana mno na yakuti nyekundu, ila lilikuwa laini na jepesi kidogo kuliko hiyo. Kwa hiyo aliliweka mbali nayo, ilhali yakuti nyekundu na ya buluu, ambazo jicho lingeapa kwamba ni mawe mawili tofauti, waandishi wa Kiarabu walizitia katika ukoo mmoja. Ulaya ilichelewa kulikubali jambo hilo kwa karne kadhaa, na jiwe kubwa jekundu lililoko mbele ya taji la Uingereza, ambalo kwa muda mrefu liliitwa yakuti, ni hilohilo la'l, linalojulikana katika minerolojia ya leo kwa jina la spineli.

Msomaji wa Kiswahili anayekutana na kitabu cha al-Biruni hafiki ugenini kabisa, kwa maana majina ya mawe yaliyomo tayari anayo mdomoni. Almasi, yakuti, zumaridi, feruzi, akiki na lulu vilifika mwambao pamoja na biashara ya Bahari ya Hindi, na neno madini lenyewe limetokana na neno la Kiarabu linalomaanisha mahali pa kuchimbwa kitu. Al-Biruni naye aliisikia pwani hii, kwani katika kitabu chake kuhusu India ameandika kwamba baada ya lulu kutoweka katika maji ya Serendibu, yaani Sri Lanka, nyingine zilipatikana Sofala katika nchi ya Zanji, hata watu wakasema kwamba lulu zimehama.

Kitabu kikubwa kilichofuata kilizaliwa mgodini. Georgius Agricola, ambaye jina lake la nyumbani lilikuwa Georg Bauer, alikuwa tabibu katika mji wa Joachimsthal, kwenye milima ambayo leo iko katika Jamhuri ya Czech, na kati ya wagonjwa wake wachimbaji wa fedha ndipo alipojifunza elimu ya mawe. Mji huo umeacha alama hata mifukoni mwa watu wa mbali, kwa sababu sarafu zake za fedha ziliitwa thaler kwa kufuata jina lake, na kutoka hapo likapatikana jina dola. Thaler ya Maria Theresa, sarafu ya ukoo huohuo, ilitembea kwa wingi katika masoko ya Unguja na mwambao katika karne ya 19. Mwaka 1546 Agricola alichapisha kitabu kuhusu maumbile ya vitu vinavyochimbwa ardhini, akivipanga kwa sifa zinazoweza kuonwa na kuguswa: rangi, mng'ao, ladha, harufu, ugumu, uzito na umbo. Kile kilichomletea sifa zaidi, De re metallica, kilitoka mwaka 1556, mwaka mmoja baada ya kifo chake, kikiwa na sehemu 12 na michoro mingi iliyochongwa kwenye mbao, inayoonyesha pampu za maji, mivukuto ya kupitisha hewa mashimoni, na tanuri za kuyeyushia mawe yenye metali.

Ugumu wa kitabu hicho ulikuwa katika lugha. Wachimbaji walizungumza Kijerumani cha mgodini, na Agricola aliandika Kilatini, lugha ambayo haikuwa na majina ya nusu ya vitu alivyotaka kuvieleza, hivyo akalazimika kubuni maneno, na waliomfuata walihangaika sana kujua alimaanisha nini. Waliofanikiwa kuyafumbua kwa Kiingereza walikuwa mume na mke kutoka Marekani, mhandisi wa migodi Herbert Hoover na Lou Henry Hoover, mwanajiolojia aliyejua Kilatini vizuri. Tafsiri yao ilichapwa London mwaka 1912, miaka 17 kabla mume huyo hajawa rais wa nchi yake. Mwandishi yeyote wa Kiswahili anayetaka kueleza sayansi ya mawe anaijua vizuri shida ya Agricola, ingawa yeye ana bahati ya kukuta yakuti na zumaridi zikimngojea.

Karne ya 18 na mwanzo wa ile ya 19 zilileta walimu watatu ambao habari zao zinaweza kufupishwa. Abraham Gottlob Werner, wa chuo cha madini cha Freiberg huko Ujerumani, alitoa mwaka 1774 mwongozo wa kutambua madini kwa sifa za nje, akiziainisha hata rangi kwa uangalifu wa fundi wa vitambaa. René-Just Haüy wa Ufaransa alieleza, katika kitabu chake kikubwa cha mwaka 1801, kwamba fuwele, yaani kipande cha madini chenye nyuso bapa zilizokutana kwa pembe maalumu, hujengwa na vipande vidogo sana vya umbo moja vilivyorundikwa kama matofali. Friedrich Mohs naye mwaka 1812 alipanga madini kumi kwa ugumu, kutoka talki yenye namba 1, ambayo hukwaruzwa na ukucha, hadi almasi yenye namba 10, na kipimo hicho kingali kinatumika mashimoni kwa sababu hakihitaji umeme wala maabara. Kwa kipimo cha namna hiyo hata pairaiti, madini ya chuma na salfa yaliyowahadaa wengi kwa kung'aa kama dhahabu, huumbuka upesi: dhahabu hukatika kwa kisu na pairaiti haikatiki, na zikisuguliwa upande wa nyuma wa kigae dhahabu huacha mchirizi wa manjano, pairaiti huacha mchirizi mweusi wenye ukijani.

Mwaka 1837 James Dwight Dana wa Marekani, akiwa na umri wa miaka 24, alichapisha kitabu kilichotaka kuorodhesha madini yote yaliyojulikana, akiyapa majina ya Kilatini kama yale ya mimea na wanyama. Mpangilio huo ulipendeza lakini haukuwa sahihi, kwa kuwa mawe hayazaani, na katika toleo la tatu, la mwaka 1850, Dana aliutupa mwenyewe na kuelekea kwenye mpango wa kikemia, ambamo madini hukaa pamoja kwa kufuata viambato vyake. Si waandishi wengi walio tayari kubomoa nyumba waliyoijenga ujanani.

Thamani ya vitabu hivyo vyote ilijaribiwa Mererani, kusini mwa Mlima Kilimanjaro, mwaka 1967, pale mawe ya buluu yenye kuvutia yalipoanza kutolewa ardhini. Serikali ya Tanzania ilimtambua Jumanne Ngoma, mwaka 2018, kuwa mgunduzi wake. Jicho lilisema yakuti ya buluu. Vipimo vilikataa, kwa sababu yakuti ina ugumu wa 9 na uzito linganifu wa karibu 4, na jiwe la Mererani lilikuwa na ugumu wa kati ya 6 na 7 na uzito wa takriban 3.35, namba ambazo zilikuwa zimekwisha kuandikwa vitabuni chini ya jina zoisaiti. Jina hilo Werner alilitoa mwaka 1805 kwa heshima ya Sigmund Zois, tajiri wa Slovenia aliyekusanya mawe, na kwa zaidi ya karne na nusu lilikuwa hasa la jiwe lisilo na mvuto, la kijivu au la rangi ya udongo. Kiasi kidogo cha metali ya vanadiamu ndicho kilicholigeuza buluu, tena mawe mengi ya Mererani hutoka shimoni yakiwa ya kahawia na hupata rangi yake ya sokoni baada ya kupashwa moto. Jina tanzanaiti lilitolewa mwaka 1968 na kampuni ya vito ya Tiffany ya New York. Ni jina la biashara, na katika kitabu cha minerolojia jiwe hilo bado huandikwa chini ya zoisaiti.

Tangu Max von Laue na wenzake walipopitisha mionzi ya eksirei ndani ya fuwele mwaka 1912, mpangilio wa atomu umekuwa kitu cha kupimwa, na Shirikisho la Kimataifa la Minerolojia, lililoundwa mwaka 1958, haliyakubali madini mapya bila kuonyeshwa viambato na muundo wake. Orodha yake imepita aina 6,000. Miongoni mwake imo merelaniiti, iliyoelezwa mwaka 2016 kutoka machimbo yaleyale ya tanzanaiti, nayo ni nyuzi nyembamba za kijivu kama sharubu. Imo pia nyerereiti, iliyopewa jina la Mwalimu Julius Nyerere, kaboneti ya sodiamu na kalsiamu inayopatikana katika lava ya Ol Doinyo Lengai, volkano iliyoko kusini mwa Ziwa Natroni. Lava hiyo hutiririka ikiwa nyeusi au ya kahawia, na joto lake ni karibu nusu tu ya lile la lava za kawaida. Lakini ikiguswa na unyevu wa hewa au mvua huanza kuwa nyeupe, na nyerereiti iliyokuwamo hugeuka kuwa madini mengine, kiasi kwamba sampuli yake isipotunzwa mahali pakavu haidumu, na wanafunzi wengi wa minerolojia huijua kwa ukurasa wa kitabu tu.