Jina na Mji: Mintarafu ya Kuoanisha Maneno na Taswira

Watu wengi hudhani kwamba desturi ya kuandika neno la hekima juu ya picha na kulipeleka kwa jamaa na masahibu ilizaliwa juzi pamoja na simu za mkononi, kwa kuwa hapana alfajiri ipitayo sasa pasipo kundi la WhatsApp la ukoo, la msikiti, la kanisa au la wanafunzi wa zamani kupokea jua linalochomoza au ua la waridi, na juu yake maneno ya subira na matumaini. Walakini pwani yetu imekuwa ikiifanya kazi hiyo kwa zaidi ya karne moja, juu ya nguo ya pamba, na kwa ufundi ambao wengi wa watengenezaji wa picha hizo za asubuhi hawajaufikia.

Nguo hiyo ni kanga, nayo ina sehemu tatu. Pindo ni mpaka unaoizunguka nguo pande zote nne. Mji ni uwanja wa katikati, ambamo hukaa mchoro mmoja mkubwa au midogo iliyotawanywa. Na jina ni maneno yaliyopigwa chapa katika kisanduku kirefu, juu kidogo ya pindo la chini. Kipande kimoja huwa na urefu wa kadiri ya sentimita 150 na kimo cha kadiri ya sentimita 110, na vipande huuzwa viwili viwili, ndiyo doti. Nguo hii ilianza kupendwa Unguja na Mombasa katika nusu ya pili ya karne ya 19. Majina yalikuja baadaye, kwanza kwa hati za Kiarabu kisha kwa za Kilatini, na miongoni mwa wafanyabiashara walioikuza desturi hiyo alikuwa Kaderdina Hajee Essak wa Mombasa, ambaye nguo zake hata leo hutambuliwa kwa alama ya Mali ya Abdulla. Kwa miaka mingi kanga zilichapwa ng'ambo, Uingereza, Uholanzi, India na Japani, kabla ya viwanda vya hapa petu, kama kile cha Urafiki cha Dar es Salaam kilichofunguliwa mwaka 1968, kuishika kazi.

Sasa, mtu akizitandaza kanga nyingi mbele yake atastaajabu kwa jambo moja, nalo ni kwamba mchoro wa mjini na jina la chini aghalabu havina udugu wowote wa dhahiri. Nguo iliyojaa mabibo yaweza kubeba onyo juu ya mahasidi, na mwaka wa pili mabibo yale yale yakarudi dukani na maneno ya mapenzi. Mgeni atasema huu ni uzembe wa mwenye duka, na kwa kweli asili ya jambo ni biashara tu: mchoro ulitoka mkono mmoja, jina likatoka kinywani mwa watu wa mji, na mfanyabiashara akaviunganisha kwa kadiri alivyoona vitauzika. Lakini matokeo yakawa bora kuliko kusudio. Maadam mchoro haulifasiri jina, jina hubaki wazi, na wa kulifunga ni yule aliyeivaa nguo, au aliyeitoa zawadi, na siku yenyewe ilipotolewa.

Chukua jina maarufu la Japo sipati tamaa sikati. Kwa kijana aliyekosa kazi ni faraja; likitolewa na mwanamume kwa mke aliyerudi kwao ni ombi; na likivaliwa na mwanamke mbele ya nyumba ya mtu fulani, basi ni habari nyingine kabisa, wala sina haja ya kuieleza. Fauka ya hayo, jina hutokea nyuma ya mvaaji, mahali asipopaona mwenyewe, likasomwa na wamfuatao njiani, na kila mmoja akajiuliza kama ni yeye aliyekusudiwa. Akithubutu kuuliza, atajibiwa kwamba bibi alipendezwa na maua.

Mwaka 1964 mwanachuoni wa Kifaransa Roland Barthes alichunguza tangazo la tambi za Panzani, akafafanua kwamba maneno huifanyia picha mojawapo ya kazi mbili. Ama huitia nanga, kwa kuwa picha peke yake ina maana nyingi zinazopepea, na maneno humshurutisha mtazamaji ashike moja. Ama maneno na picha hupokezana, hili likisema ambalo lile halikusema, kama ilivyo katika hadithi za katuni. Mimi ningeongeza hali ya tatu, ambayo ndiyo msiba wa picha za asubuhi: kurudiana. Jua linachomoza, na maneno yanasema kwamba siku mpya imeanza. Kinyonga yuko mtini, na maneno yanasema dunia hubadilika. Mtazamaji ameambiwa jambo moja mara mbili, hakuachiwa kazi yoyote ya akili, naye hulipita kwa kidole kabla halijamgusa.

Tuseme mtu ana methali Haba na haba hujaza kibaba, naye anatafuta picha. Ya kwanza itakayomjia ni rundo la sarafu, au kibaba chenyewe kimejaa mchele. Na hiyo aiache. Badala yake aweke mikono ya bibi anayesuka ukili, shubiri moja tu ikining'inia chini ya vidole vyake, pasipo mkeka mahali popote. Hapo mtazamaji atasita kidogo, atakumbuka kwamba mkeka hushonwa kwa pima nyingi za ukili, na akiisha kuupata uhusiano huo atauona kuwa ni mali yake. Kinyume chake, akiweka ndege ya abiria, umbali umezidi, na hakuna wa kuuvuka. Kipimo nikitumiacho ni hiki: kwanza naificha picha nisome maneno, kisha nayaficha maneno nitazame picha; kama kimoja chatosha bila kingine, najua kwamba kimojawapo ni cha ziada, na aghalabu ni picha.

Kwa mwenye kutaka picha ya kutafakari peke yake, umbali huo waweza kuwa mrefu zaidi, kwa kuwa anao wasaa. Ulaya ilipata kuwa na vitabu vizima vya namna hiyo, tangu pale Heinrich Steyner wa Augsburg alipochapa mwaka 1531 kitabu cha mwanasheria wa Italia, Andrea Alciato: juu neno fupi, katikati mchoro, chini beti, na msomaji akaachiwa kuvipatanisha vitatu hivyo kama afumbuaye kitendawili.

Mintarafu ya herufi sina mengi. Maneno yasiandikwe juu ya majani, mawimbi wala nyuso. Yapewe kisanduku chao au sehemu tulivu ya picha, na yawe machache.

Lakini kuna jambo la msemaji. Jina la kanga halina saini. Nguvu yake hutoka kwa aliyelivaa. Picha ya simu, kwa kuwa hutumwa kwa watu mia kwa mara moja, hukosa nguvu hiyo, ikaazima ya mtu mashuhuri, na ndiyo maana uwongo umekithiri humo. Albert Einstein amebandikwa neno lisemalo kwamba wazimu ni kurudia jambo lile lile kwa kutazamia tokeo jingine, ilhali halikupatikana katika maandiko yake. Asiyejua neno ni la nani aliache bila mwenyewe, au aseme ni la wahenga.

Na picha nayo ina mwenyewe. Iliyo bora ni ile uliyoipiga wewe, hata ikiwa ni ukuta wa ua wako au ngalawa iliyopwelewa; na ikiwa ndani yake mna sura ya mtu, aombwe ruhusa, tena aonyeshwe na maneno yatakayowekwa chini yake, kwani watazamaji husoma kana kwamba ni yeye aliyeyasema. Bibi wa ukili yawezekana ana rai yake mwenyewe juu ya haba na haba, hasa akikumbuka bei aliyolipwa kwa mkeka wa mwisho.