Nani Aliyekuamulia?

Jioni tunashuka kutoka kwenye nyumba zetu za mlimani, penye mawe, kununua kitoweo. Mama wawili wanauza dagaa walio sawa kwa bei moja. Mmoja amezungukwa na wanunuzi, mwenzake hana mtu. Wengi wetu hapa Igogo tutakwenda penye watu, na tukiulizwa tutasema dagaa wake ni wazuri zaidi. Wala si uongo, ndivyo tunavyoamini. Kumbe macho yaliona watu kabla ya kuona dagaa.

Kwa dagaa hasara ni ndogo. Lakini mnaikumbuka DECI? Ilianza Dar es Salaam mwaka 2007, ikiongozwa na wachungaji, ikaenea mikoani. Kutoa fedha kuliitwa "kupanda mbegu", kupokea kukaitwa "kuvuna". Maneno hayo tumeyasikia kanisani tangu utotoni, kwa hiyo hayakuingia masikioni kama maneno ya biashara. Mama ambaye angeambiwa "weka fedha zako hapa" angeuliza faida inatoka wapi. Alipoambiwa apande, hakuuliza. Tena jirani amekwisha kuvuna, cherehani mpya inaonekana mlangoni! Kumbe mavuno ya wa kwanza yalikuwa fedha za waliopanda nyuma yao. Serikali iliisimamisha mwaka 2009, na mwaka 2013 Mahakama ya Kisutu ikawatia hatiani viongozi wake. Fikiria mama aliyepanda ada ya watoto bila mumewe kujua.

Mwaka 1951 huko Marekani, mwanasaikolojia Solomon Asch aliwaonyesha watu mistari, akawauliza upi unalingana na mwingine kwa urefu. Jibu lilikuwa wazi kabisa. Lakini wenzao chumbani, waliopangwa naye kwa siri, walipojibu vibaya kwa pamoja, takriban robo tatu ya waliojaribiwa waliwafuata angalau mara moja. Alipoweka mtu mmoja tu wa kusema kweli, waliofuata kosa walipungua sana.

Mmoja tu! Katika vikundi vyetu vya kuweka na kukopa, mama huyo tunamwita mkorofi, hana imani. Mbona watu wa Beroya walichunguza Maandiko kila siku waone kama aliyosema Paulo ni kweli (Matendo 17:11), nao wakasifiwa? Mpango mpya ukiletwa kikaoni, mwenye swali aongee kabla mikono haijanyooshwa, na fedha zibaki kwa mhazini hadi kikao kijacho, kila mmoja akiwa amekwisha kuzungumza na mumewe nyumbani.