Kirukia, Mgeni wa Juu ya Tawi

Kirukia ni mmea unaoota juu ya mti mwingine na kumaliza maisha yake bila kugusa udongo. Aina mojawapo iliyoenea kutoka Ethiopia hadi Afrika Kusini ni Erianthemum dregei, kichaka chenye matawi ya hadi mita 2 na majani machanga yenye manyoya ya kahawia. Wageni wa Fort Ternan, magharibi mwa Kenya, huinamisha macho, kwa kuwa hapo ndipo timu ya Louis Leakey ilipofukua mabaki ya Kenyapithecus, kiumbe wa kale wa jamii ya sokwe, mwaka 1961. Anayetaka virukia ainue macho, hasa Januari na Februari. Msindukuzi, ambao Wakipsigis huuita tebeswet, ukishapukutisha majani, fundo lolote la kijani lililobaki tawini huenda ni la mgeni.

Mbegu hupandwa na ndege. Kitororo, yule mdogo mwenye mlio kama nyundo ya mfua bati, humeza tunda, huitapika mbegu, kisha huufuta mdomo wake kwenye tawi. Mbegu ina utomvu unaonata kama ulimbo, kwa hiyo hung'ang'ania gome hata mvua ikinyesha. Haitoi mzizi wa kawaida: kikonyo chake huinamia gome, hutanuka kama kisahani, kisha hupenya hadi kwenye mishipa inayopandisha maji.

Huko ndani ndiko unakofanyika wizi wenyewe. Kirukia kina majani ya kijani na hujitengenezea sukari, hivyo si mnyonyaji kamili. Kinachochukua ni maji pamoja na madini yaliyomo. Ili kuyavuta, hupoteza maji mengi zaidi kupitia majani kuliko mwenyeji wake. Mvua zikiwa nyingi mti hustahimili. Ukame ukija, sehemu ya tawi iliyo mbele ya kirukia hukauka kwanza.

Ua nalo halifunguki lenyewe. Ndege aitwaye chozi hupenyeza mdomo kwenye ufa wa tumba lililokomaa, nalo ua hulipuka ghafla na kumrushia chavua kichwani. M. S. Evans, akiwa Natal, alieleza mlipuko huo katika jarida la Nature mwaka 1895.

Kukwanyua kichaka kwa mkono ni kazi bure, maana kilichobaki ndani ya mti kinaweza kuchipua tena. Hukatwa tawi lenyewe, upande wa shina, chini ya mahali kilipojishika. Kwenye mparachichi au mti wa mbao kazi hiyo inalipa. Kwenye mti wa msituni ni afadhali kukiacha, kwani chozi na kitororo hula hapo.

Kirukia kikifa, mbao ya mwenyeji iliyokuwa imekizunguka hubaki imechanua kama ua lenye mikunjo. Kusini mwa Afrika maua hayo ya mti huokotwa, husuguliwa na kuuzwa kama mapambo.